Nilikuwa na Klipu Mbili, Nikaweka Moja

Wiki tatu zilizopita niliweka klipu ya sekunde arobaini. Kama ulikuwa mtandaoni huenda uliiona: malori yamepanga laini kwenye barabara ya murram, gogo kubwa la mti limelazwa katikati, na vijana wamekaa juu yake kama wako stejini wakingoja mathree. Juu yake nikaandika, "Wacheni watu wafanye kazi."

Komenti ziligawanyika katikati. Wengine walisema nimenunuliwa na bwenyenye wa timbo. Wengine wakasema wale vijana wafungwe wote na funguo zitupwe mtoni. Sikumjibu mtu. Sababu yenyewe si kiburi. Nilikuwa na klipu ya pili kwenye simu na niliogopa kuiweka.

Leo nasimulia zote mbili. Ni ndefu kidogo, kwa hivyo tafuta chai.

Mimi nimelelewa upande wa Juja, Kaunti ya Kiambu. Kama unaishi Nairobi kwenye nyumba ya mawe, kuna uwezekano mkubwa kwamba ukuta wako ulitoka kwetu. Fundi yeyote anajua mawe ya Ndarugo: yale ya kijivu yaliyokatwa kwa mashine, yanauzwa kwa futi, unaagiza 9 kwa 9 au 6 kwa 9. Hayo hukatwa kwa msumeno, hayalipuliwi. Kokoto ni hadithi nyingine. Mwamba wa kokoto ni mgumu, kwa hivyo unatobolewa mashimo, unawekwa baruti, unalipuliwa, halafu vipande vinapelekwa kwa krasha visagwe. Timbo ninaloongelea ni la kokoto. Kumbuka hilo neno baruti, tutalirudia.

Mathe ana kibanda cha mabati mkabala na geti la hilo timbo. Miaka kumi na moja sasa. Anauza chai, chapati madondo na githeri. Wateja wake ni madereva, utingo na wale wapakiaji ambao mgongo wao ndio mashine. Wengi wanakula kwa deni, yeye anaandika kwenye daftari la kurasa 96, Jumamosi wakilipwa wanamlipa. Karo yangu imetoka kwenye hilo daftari. Sioni haya kusema.

Shosho, mamake mathe, anakaa karibu nusu kilomita kutoka hapo. Nyumba yake ilijengwa kwa pesa za kahawa mwaka wa 1989, wakati timbo hilo halikuwepo. Sasa ina ufa unaotoka kwenye kona ya dirisha hadi sakafuni. Ukichukua sarafu ya shilingi kumi unaiingiza kwenye ufa na inakaa. Nimejaribu.

Kwa hivyo hii si stori ya matajiri na maskini niliyoisoma mahali. Kwetu, timbo likifungwa mathe halali. Timbo likilipua, shosho halali.

Jumatatu hiyo gogo liliwekwa kabla ya saa kumi na mbili asubuhi. Vijana walikuwa kama kumi na watano. Watatu nilisoma nao primari, mmoja tulikuwa tunakaa dawati moja. Walitaka shilingi mia tano kwa kila lori. Waliiita "ada ya jamii". Niliuliza kama kuna risiti, tukacheka wote, mimi nikicheka kwa sababu nilitaka kuondoka hapo salama.

Mwenye timbo hana siasa nyingi. Ofisini kwake, ambayo ni kontena, leseni zimetundikwa ukutani kama picha za harusi: ya NEMA, permiti ya biashara ya kaunti, ruhusa ya kutumia baruti. Malori yanalipa sesi kizuizini. Eskaveta ni ya kukodi, inalipiwa kwa siku, iwe inachimba au imelala. Meneja akafanya kile ambacho raia yeyote angefanya. Akapiga simu kituoni.

Jibu alilopewa sote tunalijua hata kabla sijalisema. Gari iko, mafuta hakuna.

Akatuma elfu tatu kwa simu. Makarao walifika saa nane mchana. Wakaburuta gogo pembeni, mmoja akawavuta wale vijana kando wakaongea kwa sauti ya chini, wakanywa chai kwa mathe, hawakulipa, wakaondoka. Meneja aliomba namba ya OB. Akaambiwa, "Tutaongea." Kabla ya saa tisa na nusu gogo lilikuwa limerudi pale pale.

Jumanne ikawa vile vile, mafuta na yote. Jumatano meneja alichoka. Akakaa na vijana, wakakubaliana mia tatu kwa lori, na malori yakapita. Mathe alikuwa anakanda unga. Akasema kitu ambacho bado kinanirudia: "Siku hizi hii barabara ina watu wawili wa kulipwa. Anayefunga na anayefungua."

Sasa Alhamisi.

Shosho na majirani zake walikuwa wamemwandikia chifu mara mbili kuhusu nyufa na vumbi. Hawakujibiwa. Halafu wakaona vijana wameweka gogo Jumatatu na kufikia Jumatano wamesikizwa na kulipwa. Wewe ungejifunza nini hapo? Wao walijifunza hivyo hivyo. Wakaja watu kama ishirini na watano, wengi wao wamama wa kanisa, kila mtu na stuli yake. Wakaketi barabarani. Walikuwa na bango moja la katoni. Walitaka mambo matatu tu: king'ora kipigwe kabla ya kulipua, barabara imwagiwe maji vumbi litulie, na mtu anayejua kazi aje aangalie nyufa. Hakuna aliyeomba shilingi.

Siku hiyo polisi walifika kwa dakika ishirini. Hakuna aliyeuliza mafuta.

Sikuona wakiongea na wale wazee zaidi ya dakika mbili. Vitoa machozi viwili vikarushwa. Shosho ana miaka sabini na moja. Alikimbilia mahali pekee alipopajua, kibanda cha binti yake. Watu wakaingia wakimfuata, sufuria ya githeri ikapinduka, chakula cha siku nzima kikawa chini. Asubuhi hiyo hiyo mathe alikuwa amemkasirikia mamake kwa kufunga barabara, hata hawakusalimiana vizuri. Sasa alikuwa amepiga magoti kwenye madondo yaliyomwagika, anamwosha macho kwa maji ya jagi la wateja.

Hiyo ndiyo klipu ya pili. Sekunde ishirini na sita.

Usiku mathe aliniona nikiitazama. Akaniuliza, "Ukiiweka hiyo, kesho nitafungua wapi?" Sikuwa na jibu. Kwa hivyo niliweka ile ya gogo. Ilikuwa ya kweli, lakini ilikuwa nusu ya ukweli, na nilijua hivyo wakati nilipobonyeza.

Sasa wacha niseme ninachofikiri, kwa sababu nimekuwa na wiki tatu za kufikiri.

Kwanza, waliosema nimenunuliwa: bado naamini biashara yenye leseni inafaa kulindwa na polisi. Si kwa sababu nampenda mwenye timbo. Gogo likilala barabarani, yeye si wa kwanza kuumia. Wa kwanza ni mpakiaji anayelipwa kwa lori, bila lori hana kitu. Wa pili ni dereva. Wa tatu ni mama mwenye daftari la madeni. Mwenye timbo anaumia wa mwisho, na ana akiba. Kumsimamisha mtu barabarani na kumwambia toa pesa au hupiti si harakati. Kanuni za Adhabu zinajua jina lake, kudai mali kwa vitisho, na ni kosa kubwa. Kuiita ada ya jamii hakuibadilishi. Jamii gani? Shosho hajaona hata mia.

Na tuseme wazi kuhusu wale vijana. Si mashetani. Yule wa dawati langu aliomba kazi pale ndani akaambiwa hakuna. Ana hoja kwamba mawe yanatoka kwetu na sisi tunabaki na mashimo. Hoja hiyo ina mahali pake. Sheria ya Madini ya 2016 inasema mrabaha ugawanywe, asilimia 70 serikali kuu, 20 kaunti, na 10 jamii ya mahali madini yanapochimbwa. Kwa hivyo tuna swali halali la kuuliza kaunti na wizara: sehemu ya jamii iko wapi, na sisi tunaipataje? Ni swali la kuuliza kwa karatasi na kwa kelele. Lakini mia tano ya dereva si mrabaha. Ni pesa ya mtu mwingine kama wewe.

Pili, waliotaka kila aliyezuia barabara afungwe: mnafikiri leseni ni kinga dhidi ya maswali. Siyo. Leseni ni ahadi. NEMA inatoa leseni ikiwa na masharti, na mwenye biashara anatakiwa kufanyiwa ukaguzi wa mazingira kila mwaka. Akivunja masharti, leseni inaweza kusimamishwa au kufutwa. Jirani asiyeridhika na uamuzi wa leseni ana siku 60 kwenda Mahakama Maalum ya Mazingira, ile inaitwa National Environment Tribunal. Katiba, Kifungu cha 42, inampa kila mtu haki ya mazingira safi na yenye afya, na cha 70 kinamruhusu kwenda kortini haki hiyo ikitishiwa. Haki hizo zote shosho alikuwa nazo akiwa kwenye stuli yake. Hakuna aliyewahi kumwambia.

Na usidhani stempu ya serikali inamaanisha mambo yako sawa. Kumbuka Owino Uhuru kule Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu na sumu ya risasi iliyoingia kwenye damu ya watoto. Phyllis Omido alipoongoza wakazi kulalamika, alikamatwa mwaka 2012, na baadaye korti ikamwachilia. Mwaka 2020 Mahakama ya Mazingira na Ardhi iliamuru wakazi walipwe shilingi bilioni 1.3, na NEMA yenyewe ilikuwa miongoni mwa waliopatikana na makosa. Kwa hivyo yule polisi anayemwona mlalamikaji kama adui wa biashara, ajue kuna siku mlalamikaji ndiye alikuwa sahihi.

Sitamfanya shosho malaika pia. Sheria ya Utulivu wa Umma inataka waandamanaji watoe notisi kituoni, siku zisizopungua tatu na zisizozidi 14 kabla. Wao hawakutoa. Na kuketi katikati ya barabara kulimzuia dereva asiye na kosa, pamoja na binti yake mwenyewe. Polisi walikuwa na haki ya kuja na kuwaambia wasogee kando. Lakini Kifungu cha 37 kinalinda mkusanyiko wa amani usio na silaha, na stuli si silaha. Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi inasema afisa ajaribu kwanza njia zisizo za nguvu. Kwanza. Dakika mbili za kufoka halafu moshi, hiyo si kujaribu.

Sasa linganisha siku hizo mbili. Jumatatu, watu wanadai pesa kwa vitisho: hakuna aliyekamatwa, hakuna OB, kuna mazungumzo ya chini chini. Alhamisi, wamama wanaomba king'ora: gesi. Kama kazi ya polisi ilikuwa kulinda biashara, basi waliilinda dhidi ya watu wasio sahihi.

Hapo ndipo nilipofika na fikira zangu. Tatizo si kwamba polisi wanalinda timbo. Tatizo ni kwamba ulinzi umekuwa bidhaa, na bidhaa huenda kwa mwenye pesa.

Fikiria kama wewe ndiye mwenye timbo. Umelipia tathmini ya mazingira, umengoja leseni, unalipia ukaguzi, unalipa sesi. Halafu kuna jamaa mwingine ng'ambo ya mto anachimba bila karatasi yoyote. Siku ya shida nyote wawili mnatuma mafuta kwa simu, na nyote wawili mnapata Land Cruiser ile ile. Sasa leseni ilikusaidia nini? Unaanza kujiuliza kwa nini ulipoteza pesa ukutani. Ndivyo nchi inavyopata matimbo yasiyo na leseni, na mashimo yaliyoachwa wazi yanayojaa maji ya mvua, yale ambayo watoto huogelea na wengine hawarudi. Hata dampo la Dandora lilianza kama timbo la mawe. Shimo lisipofukiwa halibaki tupu.

Polisi wakija bure, kwa sababu tu sheria imevunjwa, leseni inakuwa na thamani pande zote mbili. Kwa mwenye timbo inasema, hakuna atakayekutoza barabarani. Kwa shosho inasema, huyu bwana ana masharti na tutamshikilia ayatimize. Ukiondoa upande mmoja, ule mwingine unaanguka.

Najua kuna watakaosema vituo vyetu kweli havina mafuta. Ni kweli, mara nyingi havina. Na najua kuna utaratibu rasmi wa kulipia polisi walinde shughuli binafsi, kama zile gari za kusafirisha pesa za benki. Huo una malipo yanayoonekana na rekodi. Pesa inayotumwa kwa namba ya simu ya mtu haina rekodi popote. Asiye nayo, kama shosho, anabaki nje ya mlango. Kituo kikikosa mafuta, hilo ni deni la serikali kwa wote, si nafasi ya mwenye pesa kununua foleni.

Basi tufanye nini? Sina uchawi, lakini nina haya machache.

Kama una biashara na umezuiwa, ripoti kwa mdomo na kwa barua, na usiondoke kituoni bila namba ya OB. Ni haki yako na ni bure. Wakikataa, andika jina au namba ya huduma ya afisa, tarehe na saa. IPOA, ile mamlaka huru inayochunguza polisi, inapokea malalamiko bila malipo. Na usilipe wanaofunga. Ukilipa leo mia tatu, mwezi ujao ni mia nane.

Kama wewe ni jirani unayeumia, piga picha ya ufa ukiwa na sarafu kando yake ili ukubwa uonekane, andika tarehe za milipuko, peleka barua ofisi ya NEMA ya kaunti na ubaki na nakala iliyopigwa muhuri. Ukitaka kuandamana, peleka notisi. Wanyime kisingizio.

Kama wewe ni karao na unasoma hii, najua wako wazuri, na mmoja wao alisimama pembeni Alhamisi akionekana ana aibu. Angalia kitendo. Anayedai pesa, mkamate. Anayeuliza swali, msikize, na ukibidi umwondoe barabarani, muombe kwanza. Na ulipe chai ya mathe.

Tulipofika sasa ni hapa. Nilimsaidia shosho kuandika barua, kurasa mbili, na picha nne za ufa zikiwa na ile sarafu. Ina muhuri wa kupokelewa. Wiki iliyopita kwa mara ya kwanza king'ora kilipigwa kabla ya mlipuko, na kuna bauza ya maji imepita mara mbili. Kuhusu nyufa bado kimya. Vijana bado wanachukua mia tatu. Mathe amenunua sufuria nyingine kwa mkopo, na wapakiaji wawili walimlipa madeni yao mapema bila kuombwa.

Kabla ya kuandika haya nilimwomba ruhusa. Alisoma yote kwenye simu yangu, polepole, akivuta maneno yawe makubwa. Akasema niweke, lakini nisitaje jina la mtu wala la timbo, ndiyo maana hujayaona. Halafu akaniuliza ile klipu ya pili bado ninayo.

Bado ninayo. Shosho ndiye aliye ndani, kwa hivyo jana nilimwonyesha nikamuuliza kama niiweke. Aliitazama mara mbili, akaniambia, "Weka. Lakini weka na ile ya gogo, wasije wakadhani hakuna mtu mwingine aliyekosea."

Zote mbili ziko hapo chini. Tazama zote kabla hujakomenti.